Uzi maalumu: Okarina ya Wakati ndani ya Majora's Mask, nyimbo tatu za muda na namna ya kuzitumia bila kupoteza kazi

#1 Fundi Saa

Wakuu, salamu. Maswali kuhusu okarina (kifilimbi cha mviringo) ya Link, shujaa tunayemchezesha, yanajirudia na majibu yake yametawanyika kwenye nyuzi nyingine, kwa hiyo tuyakusanye hapa. Nazungumzia Majora's Mask, gemu la Nintendo 64 la mwaka 2000. Ocarina of Time la 1998 lina chombo hichohicho lakini matumizi yake ni mengine, tutafika huko.

Hali ilivyo: mwezi unaishukia Termina, nchi ya gemu hili, na una siku tatu, yaani saa 72 za gemu, kuanzia saa 12 asubuhi ya siku ya kwanza. Saa zote nitakazoandika ni za Kiswahili. Skrini ikionesha 6 alfajiri, mimi naandika saa 12 asubuhi. Ikionesha 1 mchana, naandika saa 7.

Sasa hesabu, kwa toleo la Marekani la N64. Saa moja ya gemu ni kama sekunde 45 za saa yako ya ukutani. Siku moja ni dakika 18 na kidogo. Siku tatu zote ni dakika 54 na nusu hivi. Muda ndio huo, na hekalu moja peke yake linaweza kuumaliza. Ndiyo maana okarina ipo.

Noti zake ni tano. Kwa waliozoea kwaya, chukua C kuwa do: kitufe A ni re ya chini, C-chini ni fa, C-kulia ni la, C-kushoto ni ti, C-juu ni re ya juu. Nyimbo za muda zinatumia noti tatu tu kati ya hizo, re, fa na la:

Wimbo wa Wakati: C-kulia, A, C-chini, kisha rudia hivyohivyo (la re fa, la re fa). Unakurudisha saa 12 asubuhi ya siku ya kwanza na unasevu.

Wimbo wa Wakati Uliogeuzwa: C-chini, A, C-kulia, kisha rudia (fa re la, fa re la). Unapunguza kasi ya muda. Ukiupiga tena, kasi inarudi ya kawaida.

Wimbo wa Wakati Maradufu: C-kulia mara mbili, A mara mbili, C-chini mara mbili (la la re re fa fa). Unakurusha mbele hadi saa 12 inayofuata, ya jioni au ya asubuhi.

Kwenye 3DS vitufe ni vingine: Y L R Y L R kwa wa kwanza, R L Y R L Y kwa uliogeuzwa, Y Y L L R R kwa maradufu.

#2 Pwani64

Mkuu, asante kwa uzi. Swali la haraka: huo uliogeuzwa unafundishwa wapi? Mpaka siku ya pili ya mzunguko hakuna mtu aliyenipa.

#3 Fundi Saa

Hauhitaji kufundishwa, mdau. Ukishaipata okarina na Wimbo wa Wakati, piga noti hizo popote nje au ndani, gemu litazitambua. Anayetoa fununu ni yule sanamu wa kutishia ndege, yuko dukani Clock Town, mji mkuu wa gemu, na mwingine yuko kwenye kituo cha kutazamia nyota. Anakueleza upige kinyumenyume, au kila noti mara mbili, basi. Kazi yake nyingine ni kucheza dansi nawe hadi jioni au alfajiri, na hiyo ina faida kubwa kwenye mzunguko wa kwanza kabisa, ukiwa bado umegeuzwa kiumbe wa Deku na okarina iko mikononi mwa Skull Kid, adui aliyeiiba. Ukishamaliza maandalizi yote ya mzunguko ule, mtumie yeye kusogeza muda badala ya kuzunguka uwanjani bila kazi.

#4 Mama Noti

Naongeza kwenye noti, maana wengi wanasema "nimepiga sawa lakini haukubali". Kosa halipo kwenye mwendo. Gemu halijali ukipiga haraka au polepole. Linajali mfuatano tu. Kinachoharibu ni mambo mawili.

La kwanza, kidole kubaki kwenye R au Z. R inapandisha noti nusu hatua, Z inashusha nusu hatua. La yenye R si la tena, na mfuatano umevunjika.

La pili ni kijiti. Ukikisukuma juu au chini, sauti inapinda. Wengi wanatoa okarina wakiwa bado wanakimbia, gumba limebaki mbele, na noti zote zinatoka zimepinda. Achia kijiti kirudi katikati, ndipo upige.

Na ukiwa umevaa kinyago cha Deku, Goron au Zora, okarina inageuka tarumbeta za Deku, ngoma za Goron au gitaa la Zora. Sauti inabadilika, vitufe ni vilevile, nyimbo za muda zinafanya kazi kama kawaida. Usipoteze sekunde kuvua kinyago ili tu upige wimbo.

#5 Kibo Gamer

Huo uliogeuzwa unapunguza nusu au theluthi? Nimesoma yote mawili sehemu tofauti.

#6 Fundi Saa

Yote mawili ni kweli, inategemea mashine. Kwenye N64 muda unabaki theluthi moja ya kasi. Siku moja ya gemu inakuwa kama dakika 54 na nusu, sawa na mzunguko mzima wa kawaida, na siku tatu zinafika karibu saa 2 na dakika 44. Kwenye toleo la 3DS la mwaka 2015 ni nusu, kwa hiyo unapata mara mbili tu. Anayesoma maelekezo ya N64 huku ameshika 3DS anajikuta mwezi umemuwahi ndani ya hekalu. Ukiwa kwenye 3DS, ingia hekaluni mapema zaidi.

Ili kujua kama muda umepungua kweli, tazama saa iliyo chini ya skrini ya N64: kijani ni kasi ya kawaida, bluu ni kasi iliyopunguzwa. Na kumbuka hili kuliko yote: ukipiga Wimbo wa Wakati kurudi siku ya kwanza, kasi inarudi ya kawaida. Upunguzaji hauvuki mzunguko. Kila ukitua saa 12 asubuhi mbele ya mnara, piga fa re la fa re la kabla hujafungua mlango wowote.

#7 Binti Termina

Kaka Fundi, hapo mwisho napingana nawe kwa heshima. "Piga kila mara ukitua" ni ushauri wa mahekalu, si wa gemu zima. Kazi za watu wa Clock Town zinategemea saa maalumu: fulani anatokea saa fulani mahali fulani. Muda ukiwa theluthi, kungoja kwako kunakuwa mara tatu. Na Maradufu wa N64 haukushushi saa unayotaka, unakushusha saa 12 tu. Miadi ya saa 5:30 usiku, kwa mfano: kutoka saa 12 jioni ni saa tano na nusu za gemu. Kwa kasi ya kawaida ni kama dakika 4 na sekunde 10. Kwa kasi ya bluu ni dakika 12 na nusu za kusimama jikoni.

Kwa hiyo kanuni yangu ni hii: hekalu, buibui wa dhahabu, na safari ndefu za eneo la Ikana, punguza. Watu na miadi, acha kasi ya kawaida na urushe kwa Maradufu. Kubadilisha hakukugharimu kitu, ni noti sita.

Wenye 3DS kwao ni rahisi zaidi hapa, Maradufu wao unawaruhusu kuchagua saa yenyewe.

#8 Fundi Saa

Umenena sawa, dada. Nilikuwa na mahekalu kichwani. Kanuni yako ibaki kuwa ndiyo ya uzi huu.

#9 Pwani64

Sasa kwenye kurudi siku ya kwanza. Nini kinabaki, nini kinapotea? Nimetoka hekalu la Woodfall na funguo mkononi, naogopa kupiga.

#10 Mzee wa Pedi

Usipige kijana, utazipoteza. Ngoja nikuwekee sawasawa.

Vinabaki: okarina yenyewe, nyimbo zote ulizojifunza, vinyago vyote, upinde, ndoano na silaha za aina hiyo, chupa (zikiwa tupu), pochi kubwa na podo kubwa la mishale, vipande vya moyo, mabaki ya mabosi uliowashinda, sanamu za bundi ulizozigonga, na daftari la Bombers (la kufuatilia kazi za watu).

Vinapotea: mishale, mabomu, vijiti na karanga za Deku, vilivyomo ndani ya chupa, rupia (fedha za gemu) ulizobeba, barua na hati za watu, funguo ndogo na funguo ya bosi, na vijimalaika vya hekaluni ambavyo hujavipeleka kwenye chemchemi yake. Kila hekalu lina 15. Ukiwa na 14 ukapiga wimbo, unaanza na sifuri.

Rupia zina kinga: benki ya magharibi ya Clock Town. Mhudumu anakugonga muhuri, na muhuri unavuka mizunguko, kwa hiyo amana yako inabaki. Kwenye N64, ukifikisha 200 anakupa pochi kubwa, ukifikisha 5000 anakupa kipande cha moyo. Weka fedha KABLA ya kupiga, maana Wimbo wa Wakati unakutua na sifuri mfukoni.

Pia nchi inarudi ilivyokuwa. Ulishinda bosi wa mlima wa Snowhead, majira ya kuchipua yakaja, ukapiga wimbo: theluji imerudi. Lakini mabaki yake unayo, kwa hiyo ukiingia tena hekaluni kuna njia ya mkato pale mlangoni inayokupeleka kwa bosi moja kwa moja. Mpige upya, theluji inayeyuka kwa mzunguko huo.

#11 Kibo Gamer

Hapo ndipo suala la upanga linapoingia, sivyo? Watu wanalalamika upanga wao "umeibiwa" na wimbo.

#12 Mzee wa Pedi

Ndilo hasa. Upanga wa wembe, unaochongwa kwa rupia 100 kwa wahunzi wa mlimani, unadumu mapigo 100 na unapotea ukirudi siku ya kwanza. Upanga wa dhahabu haupotei kamwe. Kwa hiyo panga zote mbili lazima zipatikane ndani ya mzunguko mmoja, na ratiba haina nafasi ya kuchezea:

Siku ya kwanza, ukitua tu, toa angalau rupia 100 benki. Ruka mlimani kwa Wimbo wa Kupaa, ingia hekaluni kwa njia ya mkato, mpige bosi, majira yabadilike. Hilo linayeyusha na barafu iliyozima tanuri la wahunzi. Wape upanga na rupia 100 siku hiyohiyo. Kuanzia hapo huna upanga, usiende kutafuta ugomvi.

Wakati wanachonga, fungua njia ya mashindano ya Goron kwa pipa la baruti na ushinde mbio. Zawadi ni unga wa dhahabu: ukishinda mara ya kwanza unakuja na chupa yake, mara nyingine nenda na chupa tupu. Kisha piga Maradufu hadi asubuhi ya siku ya pili.

Siku ya pili chukua upanga wa wembe, urudishe palepale pamoja na unga wa dhahabu. Maradufu tena hadi asubuhi ya siku ya tatu. Uchukue. Sasa piga Wimbo wa Wakati bila hofu.

Wanaokwama ni wale wanaopeleka upanga siku ya pili. Wembe unakuwa tayari siku ya tatu, na hakuna siku ya nne ya kuchukua wa dhahabu. Maradufu nao una mpaka: usiku wa siku ya tatu haukurushi popote.

#13 Chumvi Bahari

Kwa hiyo kwenye Ocarina of Time la 1998 okarina hii haipunguzi muda kabisa?

#14 Mama Noti

Haipunguzi. Kule Wimbo wa Wakati ni funguo: unapigwa na mawe matatu ya kiroho kufungua Mlango wa Wakati, na baadaye unaondoa au kuleta yale matofali ya bluu yenye alama. Anayeruka miaka saba ni Link kwa kuchomoa na kurudisha Upanga wa Bwana, si kwa okarina. Kinachogusa muda kwa okarina kule ni Wimbo wa Jua (C-kulia, C-chini, C-juu, mara mbili), unaogeuza mchana kuwa usiku na usiku kuwa mchana. Mwishoni kabisa Zelda anaitumia okarina kumrudisha Link utotoni. Wimbo wa Jua usiuvushe kuupeleka Termina, huko haugeuzi mchana wala usiku.

Kwa wenye okarina halisi ya udongo, ile ya matundu 12 ya alto C, nyimbo hizi tatu ni mwanzo mzuri mno kwa sababu ni noti tatu tu. Re: funika yote, inua kidole kidogo cha kulia. Fa: inua kidole kidogo, cha pete na cha kati vya kulia, cha shahada kibaki. La: vidole vinne vya kulia juu, na cha pete cha kushoto juu, gumba zote na kidole kidogo cha kushoto vibaki. Yale matundu mawili madogo ya ziada yaache wazi.

Kosa la kawaida liko kwenye kushuka kutoka la kwenda re. Pumzi ya la ni nzito kuliko ya re. Ukiibakiza ileile, re inatoka kali, juu ya sauti yake. Okarina ni chungu kilichofungwa: sauti inafuata jumla ya uwazi wa matundu na nguvu ya pumzi, haina urefu wa bomba wa kukusaidia kama filimbi. Punguza pumzi unaposhuka, ongeza kidogo kwenye fa, zaidi kwenye la. Ikianza kutoa mvuvumo badala ya sauti, ni unyevu umejaa kwenye njia ya hewa. Ziba dirisha la sauti kwa kidole kidogo tu na upulize kwa nguvu, maji yatoke. Chombo chenyewe ni kazi ya Giuseppe Donati wa Budrio, Italia, 1853, ndiye aliyekipa umbo hili la leo.

#15 Pwani64

Shukrani mama. Swali la mwisho kutoka kwangu, ni lile la Anju na Kafei, wachumba tunaotakiwa kuwakutanisha. Nimefika siku ya tatu, Kafei hatokei Ikana kabisa. Kasi yangu ilikuwa ya kawaida kama alivyosema dada Binti.

#16 Binti Termina

Ulimzuia mwizi usiku wa siku ya kwanza? Yule anayempora bibi wa duka la mabomu kaskazini mwa mji usiku wa manane. Ukimzuia Sakon pale, mlolongo wa Kafei umekatika kwa mzunguko mzima, maana yeye ndiye mnayemfuata Ikana. Unaumia kumwacha bibi aporwe, lakini kwa mzunguko huo mwache.

Mlolongo wenyewe, na muda ulivyo:

Siku ya kwanza asubuhi, kuanzia saa 4, nenda kwa mke wa meya, mama yake Kafei, anakupa kinyago cha Kafei. Mchana, kati ya saa 7:50 na 10:15, ingia Stock Pot Inn uongee na Anju ukiwa bila kinyago, upate funguo ya chumba iliyowekwa kwa jina lako (Goron mwenye jina kama lako anakuja baada ya hapo, ukichelewa anaichukua yeye). Kisha vaa kinyago cha Kafei uongee naye tena, anakupa miadi ya saa 5:30 usiku jikoni. Funguo ndiyo itakayokuingiza, nyumba ya wageni hufungwa usiku.

Baada ya miadi unapewa barua. Itie kwenye sanduku lolote la posta mjini usiku huohuo. Sasa ndipo Maradufu unafaa: rusha hadi asubuhi ya siku ya pili.

Siku ya pili alasiri subiri kwenye bwawa la kufulia. Postamasta anagonga kengele, Kafei anatoka, wewe unapenya mlango ulioachwa wazi. Ongea naye, upate kidani. Mpelekee Anju jioni hiyohiyo. Asipopata kidani, anaondoka mjini siku ya tatu na kila kitu kimeishia hapo.

Siku ya tatu kuanzia saa 7 mchana rudi chumba kile cha nyuma ya bwawa, mwenye duka anakupa kinyago cha Keaton na barua ya kwenda kwa mama. Barua hiyo ni moja na ina zawadi mbili: mpe postamasta upate kofia yake, au mpe mke wa meya kwenye baa ya maziwa upate chupa. Huwezi zote mbili mzunguko mmoja, kwa hiyo panga kuurudia.

Uwe Ikana kabla ya saa 1 usiku, maficho ya Sakon yanafunguliwa saa hiyo. Ukitoka humo, ruka mjini, panda chumba cha Anju ukae.

#17 Kibo Gamer

Na hapo mwishoni mtu apunguze kasi au aache? Kafei anafika saa 10:30 alfajiri, mwezi unaanguka saa 12.

#18 Binti Termina

Inategemea mkono wako ulivyo mwepesi. Kati ya saa 10:30 na 12 kuna saa moja na nusu ya gemu: sekunde 68 kwa kasi ya kawaida, karibu dakika 3 na sekunde 25 kwa kasi ya bluu. Maongezi yanasimamisha muda, kwa hiyo mazungumzo yao hayakuli kitu. Lakini kungoja kuanzia saa 6 usiku kwa kasi ya bluu ni zaidi ya dakika 10. Mimi nashauri: acha kawaida unapongoja, wakiingia tu wakakukabidhi kinyago cha wanandoa, toa okarina palepale chumbani, usishuke hata ngazi. Fedha uwe umeshaziweka benki mchana. La re fa, la re fa, kubali kusevu, halafu subiri mpaka uone maandishi ya alfajiri ya siku ya kwanza ndipo uzime mashine.